Kicheko Hakina Lafudhi

Na Mwanachama, Kidato cha Tatu

Naomba kurasa chache za jarida letu nitoe dukuduku lililonikaa rohoni tangu muhula uliopita. Mficha uchi hazai, walisema wahenga, nami nimeona heri niseme hadharani kuliko kunung'unika chini ya mti wa mkwaju wakati wa chakula cha mchana.

Mnakumbuka kwamba tulipokuwa tukijiandaa kwa Siku ya Wazazi, kila kikundi kilitakiwa kuleta mchezo wake mbele ya kamati ya Chama cha Kiswahili. Sisi wanne tulileta kichekesho cha dakika kumi. Kilimhusu kinyozi, mteja wake na fundi wa stima. Hakikuwa na neno hata moja. Tulisema kwa mikono, kwa macho, kwa kuteleza na kugongana. Kamati ilicheka mpaka mmoja akashika meza asianguke. Halafu, baada ya kujifuta machozi, ikakikataa! Sababu? Mwenzetu mmoja alisema, nami sitamtaja jina: "Hiki ni Chama cha Kiswahili, si chama cha mabubu." Wengine wakaitikia kwa vichwa. Nafasi yetu ikapewa ngonjera.

Sina ugomvi na ngonjera, waama mimi mwenyewe nimewahi kuighani. Lakini neno lile lilinichoma kama mwiba. Nina mdogo wangu wa kiume mwenye umri wa miaka tisa ambaye hasikii. Kila Siku ya Wazazi huja na mama kutoka Ruiru, hukaa saa tatu nzima kwenye kiti cha plastiki akitazama midomo ya watu ikifunguka na kufungwa. Wengine wakipiga makofi, naye hupiga. Wakicheka, yeye hututazama mimi na mama kutaka kujua kumetokea nini. Kichekesho kile nilikitunga nikimfikiria yeye. Basi leo nataka kutetea hoja moja tu: mchezo usio na maneno una haki ya kuwa kwenye Chama cha Kiswahili, na lugha yetu haitapoteza chochote, bali itafaidika.

Mniruhusu nianze kwa kueleza wazo lenyewe lilitoka wapi.

Binamu yangu anasoma Kijerumani mjini Thika. Kama mjuavyo, siku hizi vijana wengi wanajifunza lugha hiyo ili wapate kazi au mafunzo huko Ujerumani, na mnamo Septemba 2024 serikali zetu mbili zilitia saini mkataba kuhusu mambo hayo ya wafanyakazi. Mwalimu wao aliwaambia watazame filamu za Kijerumani ili masikio yazoee. Binamu akatafuta, akapata moja, akaja nayo nyumbani kwetu Ruiru kwenye simu. Akaketi na daftari na kalamu, tayari kuandika kila neno atakalosikia. Filamu ikaanza. Kinanda tu! Akaongeza sauti. Kinanda tu! Akadhani simu imeharibika, akaipigapiga kiganjani. Kumbe filamu ilitengenezwa mwaka 1919, miaka ambayo filamu hazikuwa na sauti. Maneno machache yalikuwa yameandikwa kwenye vibao vinavyotokea kati ya picha na picha. Daftari likabaki jeupe pe!

Tulimcheka sana. Lakini tulipokuwa tungali tukimcheka, mdogo wangu alikuwa tayari amenyakua simu na anacheka filamu yenyewe. Kwa mara ya kwanza nyumbani kwetu, yeye ndiye aliyekuwa akicheka mbele na sisi tukimfuata nyuma. Akawa anatuvuta mikono: tazameni, tazameni! Mama aliacha sufuria ya githeri jikoni akaja. Siku hiyo githeri liliungua kidogo na hakuna aliyelalamika.

Filamu ile inaitwa Die Austernprinzessin, yaani Binti Mfalme wa Chaza, ingawa binti mwenyewe si wa mfalme wa kweli. Baba yake ni tajiri wa Kimarekani aliyejipatia pesa kwa kuuza chaza, wale viumbe wa baharini wanaoliwa. Binti anasikia kwamba msichana mwingine, mtoto wa tajiri wa rangi ya viatu, ameolewa na mtu wa ukoo bora. Kwa wivu anavunja vyombo vya nyumba nzima. Baba anafika, anatazama uharibifu ule, wala hashtuki. Anamwambia atamnunulia mwana wa mfalme. Yaani kama mtu anavyokwenda sokoni Makongeni kununua kuku!

Sasa huyo mwana wa mfalme waliyempata ni fukara, hana hata kitu. Anamtuma rafiki yake, Josef, aende kumkagua huyo binti. Josef anapokelewa kwenye jumba kubwa, anadhaniwa ndiye mwana wa mfalme mwenyewe, na anaozwa papo hapo kwa jina la rafiki yake. Kabla ya hapo anasubirishwa ukumbini muda mrefu. Hana la kufanya. Anaanza kutazama maua na mistari iliyochorwa sakafuni, halafu anaanza kuifuata kwa miguu, hatua kwa hatua, anazunguka, anarudi, mpaka ukumbi mzima unakuwa kama kiwanja cha mchezo wa watoto. Wewe msomaji ambaye umewahi kusubiri nje ya ofisi ya mwalimu mkuu ukihesabu vigae vya sakafu unajua ninachosema. Hakuna neno lililotamkwa, lakini kila mtu anaelewa: huyu mtu amechoka kungoja! Kwenye karamu ya harusi ngoma inapigwa, na dansi inawashika watu kama homa, kuanzia wageni hadi wapishi jikoni. Mwishowe binti anakutana na mwana wa mfalme wa kweli bila kumjua, wanapendana, ndipo wanagundua kwamba tayari wameoana, kwa vile Josef alitumia jina lake. Hapo mbavu zetu zilikuwa hazina nafasi tena.

Aliyeitengeneza filamu hiyo ni Ernst Lubitsch, aliyezaliwa mjini Berlin mwaka 1892, mtoto wa fundi wa nguo. Kabla ya hapo, mwaka 1916, alikuwa ametengeneza nyingine iitwayo Schuhpalast Pinkus, na yeye mwenyewe akaigiza ndani yake kama mwanafunzi mvivu anayefukuzwa shule, anakwenda kufanya kazi katika duka la viatu, na kwa ujanja wake anaishia kuwa na duka lake kubwa. (Walimu, msiogope, siwashauri wenzangu wafuate mfano huo!) Mwaka 1918 alitengeneza nyingine ambayo msichana, akiigizwa na Ossi Oswalda yule yule aliyekuwa binti wa chaza, anachoka kuambiwa msichana hafanyi hivi wala vile. Anavaa suti ya kiume na kwenda mjini, akaona kwamba maisha ya wanaume nayo yana taabu zake: anasukumwa, anabanwa, hakuna anayempisha. Sisi wasichana wa shule hii tungekuwa na mengi ya kusema kuhusu filamu hiyo, na wavulana pia.

Nikachunguza zaidi, nikagundua kwamba mambo haya yana mizizi mirefu. Tarehe 1 Novemba 1895, ndugu wawili, Max na Emil Skladanowsky, walionyesha picha zinazotembea mbele ya watu waliolipa kiingilio kwenye ukumbi wa Wintergarten mjini Berlin. Moja ya picha hizo ilikuwa kangaruu akipigana ngumi na mtu! Mwezi uliofuata, tarehe 28 Desemba, ndugu wengine wawili, akina Lumière wa Ufaransa, walionyesha zao mjini Paris. Mojawapo ilikuwa kisa cha mtunza bustani. Kijana anakanyaga mpira wa maji, maji yanakatika, mtunza bustani anachungulia ndani ya mpira kuona kuna nini, kijana anaondoa mguu, na maji yanamlowesha uso. Wenzangu, ni nani kati yetu ambaye hajamfanyia mwenzake jambo hilo hilo kwenye bomba la shule? Basi ujue ya kwamba ulikuwa unaigiza mojawapo ya filamu za kwanza kabisa duniani, na mwalimu wa zamu alipokushika alikuwa amekushika katika sanaa.

Hata kile kisa chetu cha kinyozi kina babu yake. Mwaka 1923 mcheshi wa mji wa München, Karl Valentin, mtu mwembamba kama ufito, aliigiza filamu fupi kuhusu kinyozi mvivu. Kinyozi analala huku ndevu za wateja zikizidi kurefuka, na mara kichwa cha mteja kinakatika kwa bahati mbaya kisha kinabandikwa tena kana kwamba ni kiraka cha tairi. Kwenye filamu hiyo yumo pia mwenzake wa siku zote, mwanamke aitwaye Liesl Karlstadt. Na mmoja wa waliohusika kuitunga na kuielekeza ni nani? Ni Bertolt Brecht, ambaye mchezo wake The Caucasian Chalk Circle kaka na dada zetu waliusoma kama kitabu cha lazima katika Kiingereza! Yaani mtu ambaye mchezo wake ulitahiniwa hakuona aibu kushiriki kichekesho cha kinyozi. Sisi wa Kidato cha Tatu tumekuwa wakubwa kuliko yeye?

Sasa nije kwenye hoja ya kamati. Walisema mchezo usio na maneno hauna Kiswahili. Nasema wamekosea, na ushahidi uko hapa hapa kwetu.

Zile filamu za zamani zisizo na sauti hazikuonyeshwa kimya kimya. Palikuwa na mpiga kinanda. Na katika majumba mengi ya mwanzo huko Ujerumani palikuwa na mtu aliyesimama kando ya pazia, kazi yake ni kuwaeleza watazamaji kinachotokea, kuwaigiza wahusika na kutia chumvi. Huko Japani watu wa kazi hiyo waliitwa benshi na wengine walikuwa mashuhuri kuliko waigizaji. Je, hilo si jambo tunalolijua? Ingia kwenye kibanda chochote cha video, kiwe cha Ruiru au cha Makongeni, Thika, utasikia sauti ya DJ Afro au ya wengine wa kazi hiyo. Filamu ni ya Kihindi au ya Kichina, watazamaji hawajui hata neno moja la lugha ile, lakini msimulizi anawapa Kiswahili chake, anawabatiza wahusika majina ya mtaani, na watu wanashangilia. Tanzania walikuwa na Lufufu, Uganda wana VJ Jingo na wenzake. Kazi ambayo ulaya ilikwisha baada ya filamu kupata sauti, sisi tunayo bado, tena ni hai.

Hebu fikiri: yule msimulizi anatumia nini? Anatumia methali, misemo, tashbihi, istiara, tanakali za sauti. Ni vitu vile vile tunavyofundishwa darasani. Mtu akianguka kwenye filamu, msimulizi lazima aamue: ameanguka pu? ameanguka tifu? ameanguka chubwi? Mwalimu wetu hutusahihisha kwamba kitu huanguka pu mchangani, tifu mavumbini, chubwi majini. Nimeyakariri hayo tangu shule ya msingi na sikuwahi kuyaona yana kazi, mpaka jioni ile mama alipoanza kutusimulia ile filamu ya chaza kwa Kiswahili na Kikuyu, na kila mmoja akawa anadakia. Picha isiyo na maneno ilitufanya tutafute maneno. Kwenye ngonjera maneno huwa yameshaandikwa, sisi tunayameza na kuyatapika.

Jambo la pili ni hili. Guka wangu alifanya kazi katika shamba la kahawa karibu na Ruiru alipokuwa kijana. Ananiambia kwamba mara moja moja gari la sinema lilikuja, likatundika kitambaa cheupe, na wafanyakazi wote wakaketi chini. Walikuwa Wakikuyu, Wakamba, Waluhya, Wajaluo, na wengi hawakuelewana vizuri hata kwa Kiswahili. Kabla ya matangazo ya dawa na sabuni, walionyeshwa kichekesho cha mtu mmoja mwenye kofia nyeusi, viatu vikubwa na fimbo. Guka hamjui kwa jina, humwita tu "wa fimbo". Mimi namjua: ni Charlie Chaplin, Mwingereza aliyeanza kuigiza filamu huko Marekani mwaka 1914. Guka anasema, "Siku hiyo hakuna aliyemuuliza mwenzake ametoka wapi. Tulicheka pamoja, hata nyapara alicheka."

Linganisheni na vichekesho vyetu vya siku hizi. Semeni ukweli, mara ngapi kichekesho kwenye jukwaa la shule kimekuwa ni mtu kuigiza lafudhi ya kabila fulani? Anayechanganya "l" na "r", anayesema "ch" mahali pa "s", basi ukumbi unavunjika. Najua waigizaji wakubwa wa nchi hii walianzia hapo, na marehemu Mzee Ojwang' wa Vitimbi, ambaye jina lake halisi lilikuwa Benson Wanjau, alituchekesha miaka mingi kwa lafudhi isiyokuwa ya kwao, na watu wa kila kabila walimpenda mpaka alipofariki mwaka 2015. Yeye alikuwa na kipawa. Sisi wengine tunabaki na dhihaka tu. Katika darasa langu yupo mwenzetu ambaye hajanyanyua mkono kujibu swali tangu Kidato cha Kwanza kwa sababu alipotamka neno moja alichekwa wiki nzima. Katika kichekesho cha vitendo hakuna lafudhi ya kuchekwa. Ganda la ndizi halimuulizi mtu kabila lake.

Najua yapo majibu dhidi yangu, na si haki niyaruke.

Wa kwanza atasema: huo ni upuuzi, kuanguka-anguka hakuna funzo. Nami namuuliza, umewahi kupanda matatu kutoka Ruiru hadi Thika asubuhi? Muziki umefunguliwa mpaka vioo vinatetemeka, hakuna anayemsikia mwenzake. Makanga anaonyesha vidole kusema nauli, anagonga bodi ya gari mara mbili na dereva anaondoka, abiria anainua mkono na gari linasimama Juja. Safari nzima inaendeshwa kwa ishara, na anayekosea kuzisoma anapitishwa kituo chake. Kusoma mwili wa mtu ni elimu. Isitoshe, katika ile filamu ya mwaka 1919 tunamcheka tajiri anayedhani hata mwana wa mfalme ananunuliwa. Kama hilo si funzo, basi sijui funzo ni nini.

Wa pili atasema: hizo ni filamu za Wajerumani, zinatuhusu nini? Mwaka ule wa 1916, Lubitsch alipokuwa akiigiza mwanafunzi mvivu mjini Berlin, babu zetu walikuwa wakibebeshwa mizigo ya vita ya Waingereza dhidi ya Wajerumani huko Tanganyika, na maelfu kwa maelfu hawakurudi. Jina la Kariokor kule Nairobi linatokana na kikosi hicho cha wapagazi. Kwa hiyo tulihusishwa na Wajerumani kwa machozi bila kuulizwa. Sioni ubaya wa kuhusishwa nao kidogo kwa kicheko, tukiwa tumechagua wenyewe.

Wala sisemi kila kitu ndani yake ni kizuri. Katika filamu ile ile ya chaza, yule tajiri amezungukwa na watumishi weusi waliosimamishwa kama fanicha, wamshikie kikombe na sigara. Mama alipoona hivyo aliacha kucheka na kuuliza, "Na hawa je, kwao hakuna chaza?" Ni kweli, mchezo usio na maneno nao unaweza kudharau. Ndiyo maana nasema tuutazame pamoja na walimu, tuujadili, tutunge wa kwetu usiokuwa na dhambi hiyo.

Wa tatu ana hoja nzito kuliko wote: wasioona je? Mchezo wa macho utawafaa nini? Hapa Thika tuna shule maarufu za wasioona za Jeshi la Wokovu, ni majirani zetu. Mtu akinipigia debe mdogo wangu asiyesikia, nami nikamsahau jirani asiyeona, nitakuwa mnafiki. Lakini jibu tumeshalipata pale juu. Tuweke msimulizi kando ya jukwaa! Asimulie kwa Kiswahili sanifu na chenye ladha, kila anguko na kila kofi. Asiyesikia atatazama, asiyeona atasikiliza, na sisi wenye vyote viwili tutapata vyote viwili. Onyesho moja, watu wote wakicheka kwa wakati mmoja. Ngonjera haiwezi hilo peke yake, na kichekesho cha vitendo peke yake hakiwezi. Vikishikana mikono vinaweza.

Tena tusisahau sheria. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, kifungu cha 120, inasema kwamba lugha rasmi za Bunge ni Kiswahili, Kiingereza na Lugha ya Ishara ya Kenya. Zimetajwa katika sentensi moja, zimekaa kwenye benchi moja. Kama Bunge zima linaweza kuikalisha lugha ya ishara pamoja na Kiswahili, chama chetu chenye wanachama wachache kinaogopa nini?

Nina neno moja la mwisho kuhusu wale wachekeshaji, kwa sababu lilinisikitisha. Wengi wao walikuwa Wayahudi. Lubitsch alikuwa amekwenda Marekani mwaka 1922, na huko akawa mtengenezaji mkubwa wa filamu mpaka alipofariki mwaka 1947. Lakini Hitler alipotwaa madaraka mwaka 1933, Wayahudi walianza kufukuzwa kwenye kazi za filamu. Curt Bois, aliyekuwa ameanza kuigiza akiwa mtoto, ilimbidi akimbilie ng'ambo. Kurt Gerron, mtu mnene aliyewahi kuigiza vichekesho visivyo na sauti pamoja na mwembamba mmoja aitwaye Siegfried Arno, hakuponyoka. Aliuawa katika kambi ya Auschwitz mwaka 1944. Nilipolisoma hilo nilizima simu nikakaa kimya. Watu waliowachekesha jirani zao kwa miaka mingi waliambiwa ghafla kwamba si wenzao, na jirani wengi wakanyamaza. Sisemi kamati yetu ni kama watu wale, la hasha! Nasema tu kwamba kumwambia mtu "huyu si wa chama chetu" ni neno jepesi kwa anayelisema, lakini linamwangukia mtu mwingine kifuani. Sisi tulio nchi ya makabila mengi tungelichunga sana neno hilo.

Basi naomba mambo matatu kwa heshima na taadhima. Kwanza, kamati ifikirie upya na itupe dakika kumi katika Siku ya Wazazi ijayo, na msimulizi wa Kiswahili kando ya jukwaa. Pili, mlezi wa chama atuombee ruhusa siku moja ya Ijumaa tutazame mojawapo ya filamu hizi za zamani kwa kutumia projekta ya maabara, kila mwanachama ajaribu kuisimulia kwa dakika tano. Atakayekosa tanakali za sauti atajulikana! Tatu, neno "mabubu" lisitumike tena katika mikutano yetu kama tusi.

Juzi nilimwambia mdogo wangu kwa ishara kwamba kichekesho chetu kilikataliwa. Akauliza kwa nini. Nilitafuta ishara ya kumweleza, nikakosa. Mwishowe nikajifanya nimeteleza jikoni, nikaangukia kapu la viazi. Alicheka mpaka akajikunja. Lakini swali lake bado sijalijibu, na ndilo ninalowaachia nyinyi wasomaji, hasa wanakamati wetu wapendwa.

Tukijaliwa, tuonane Siku ya Wazazi, na yeye atakuwa kwenye kiti chake cha plastiki, mstari wa mbele.